Safari ya Luxor kwa Saa za Kiswahili

Jumapili, Cairo

Mtu wa Tanga akiambiwa kuna baridi hufikiria baridi ya Lushoto. Nilishuka Cairo alfajiri na koti la mvua juu ya shati moja, na mpwa wangu aliyekuja kunipokea akacheka hata akasahau kunisalimia. Baadaye akakumbuka. "Shikamoo mjomba. Hilo koti lako utalala nalo." Yuko Al-Azhar mwaka wa tatu sasa, anasoma sharia, na Kiarabu chake cha mtaani kimelainika hadi wauza mikate wanamuuliza kama mama yake ni mtu wa Aswan.

Shule zimefungwa kwa likizo ya Desemba, nami nimefunga safari kwa ajili ya ukuta mmoja. Nilimweleza tukiwa ndani ya teksi. Huko Luxor, katika kaburi la Firauni Thutmose wa Tatu aliyekufa yapata mwaka 1425 kabla ya Kristo, kuna maandishi yanayozunguka chumba kizima. Yanasimulia safari ya jua wakati wa usiku, saa kwa saa, tangu linapotua hadi linapochomoza. Wenyewe waliyaita Maandishi ya Chumba Kilichofichwa. Wataalamu wa leo wanayaita Amduat, na hilo ni neno la Kimisri cha kale lenye maana ya "yaliyomo kuzimu".

Mpwa wangu alinyamaza kwa mwendo wa taa tatu za barabarani. "Mjomba, nauli yote hiyo kwa mambo ya Firauni?"

"Kwa mambo ya saa," nikamjibu.

Sikumweleza yote. Babu yangu alikuwa na kitabu cha falaki, akikifunga ndani ya kipande cha kaniki. Mlikuwa na jedwali: saa kumi na mbili za mchana, saa kumi na mbili za usiku, na kila saa na nyota yake, Zuhali, Mushtari, Mirihi, Shamsi, Zuhura, Utaridi, Kamari. Watu walikuja kuuliza saa ya kuanza safari, saa ya kupeleka posa, saa ya kuchimba msingi. Babu hakutaja saa kama mtu anayesoma namba. Alisema, "Saa tatu ya leo ni ya Zuhali, usiingie." Usiingie, kana kwamba ni chumba. Aliniachia mimi kitabu hicho, nikakiweka juu ya kabati, na nilipokuwa chuoni mchwa wakakimaliza. Mpaka leo mama yangu hajui. Anadhani nimekihifadhi.

Jumatatu, ndani ya treni

Kutoka Cairo hadi Luxor ni kilomita kama 670, nasi tulichukua treni ya usiku. Mpwa wangu alijifunika shuka ya Kimasai niliyomletea, akalala kabla hatujatoka mjini. Mimi nilikaa dirishani. Jua lilikuwa limetua saa kumi na moja hivi, jambo ambalo kwa mtu wa kwetu ni kama kuibiwa saa nzima.

Hapo ndipo penye kitu ambacho wageni wengine hukihangaikia na sisi tunakipata bure. Vitabu vinavyoeleza Amduat humwambia msomaji kwamba "saa ya sita" ndiyo usiku wa manane, kisha humtahadharisha asidhani ni saa ya kuamka. Msomaji wa Kiswahili hana haja ya tahadhari hiyo. Saa ya kwanza ya usiku kwa Wamisri huanza jua likizama, na sisi saa moja ya usiku tunaihesabu kutoka hapo hapo. Saa ya sita yao ni saa sita yetu. Saa ya kumi na mbili yao ni majogoo. Unafungua maandishi yenye umri wa miaka zaidi ya 3,400 na mishale ya saa iko pale pale ulipoiacha.

Sisemi kwamba tulitoka Misri. Nimechoka na maneno hayo, kila mtu Afrika sasa babu yake alijenga piramidi. Lakini kugawa usiku mafungu kumi na mawili na mchana mafungu kumi na mawili ni kazi ya Wamisri wa kale. Wagiriki waliichukua, Waarabu wakaipata, nayo ikateremka na majahazi hadi pwani yetu pamoja na neno lenyewe, saa. Kitabu cha babu kilikuwa mjukuu wa mbali wa ukuta ninaoufuata. Hilo nalisema bila haya.

Tofauti iko moja. Saa yao ilikuwa inanyumbuka. Usiku wowote ni saa kumi na mbili, uwe mrefu au mfupi, kwa hiyo usiku wa Desemba Luxor, kwa vipimo vyetu, saa yao moja ni kama dakika 67, na katikati ya mwaka hupungua hadi kama 52. Mwaka 1904 katika hekalu la Karnak, huko huko Luxor, kulipatikana chombo cha alabasta cha enzi ya Firauni Amenhotep wa Tatu kilichokuwa saa ya maji: ndani kina safu kumi na mbili za alama, safu moja kwa kila mwezi, kwa sababu saa za mwezi mmoja hazilingani na za mwezi mwingine. Sisi tulio jirani na ikweta hatukulazimika kuhangaika hivyo. Jua la Tanga linatoka saa kumi na mbili na kuingia saa kumi na mbili mwaka mzima, ikipungua ni dakika chache. Ndiyo maana mkoloni alipoleta saa yake ya ukutani, hatukuona sababu ya kuacha yetu. Tulisoma namba iliyo mkabala na mshale wake tukaendelea na maisha.

Kama saa nane usiku treni ilisimama mahali pasipo na taa. Nje hapakuonekana kitu. Mzee mmoja alipita na birika la chai.

Jumanne, Luxor

Baridi, usingizi, hoteli. Jioni tulivuka Nile kwa feri ya abiria kwenda ng'ambo ya magharibi, upande wa makaburi, tukapanga chumba kwa mama mmoja anayefuga mbuzi juu ya paa.

Mpwa wangu alipokwenda kuswali magharibi, nilijitia kimbelembele kumpigia simu dereva mwenyewe. Kiarabu changu ni cha madrasa na cha kubahatisha. Nilitaka atuchukue kesho alfajiri, saa kumi na mbili, Bonde la Wafalme lenye makaburi linapofunguliwa kabla joto na mabasi ya watalii havijafika. "Bukra," nikamwambia, "es-saa itnashar." Akauliza mara mbili: itnashar? Nikasema naam, itnashar, na usichelewe.

Jumatano

Msomaji mwerevu ameshajua. Saa kumi na mbili tulikuwa kando ya barabara na chupa zetu za maji. Saa moja tulikuwa hapo hapo. Tuliona maputo makubwa ya hewa ya moto yakipaa na watalii juu ya mashamba ya miwa, jua likiyamulika kutoka ng'ambo ya mto, mazuri kabisa, na dereva hakuna. Saa mbili mpwa wangu akampigia simu. Nilimwona anasikiliza, ananitazama, anageuka upande ili asinicheke usoni.

"Mjomba, umemwambia aje itnashar. Itnashar ni kumi na mbili ya kwao. Saa sita mchana."

Mwarabu ndiye aliyetupa neno saa. Ndiye aliyetupa sita, saba na tisa. Nami nimesimama katika nchi ya Waarabu, nimeitafsiri namba sawasawa na bado nimekosea kwa saa sita kamili. Dereva alikuja saa sita juu ya alama, hakuzidisha dakika, amefurahi kweli kwamba amemtii mzee. Mpwa wangu alimwomba radhi, akimwita "ya usta" kama madereva wote wanavyoitwa hapa, naye akasema hana neno, watu wa Sudani nao wana mambo yao. Sikuwa na nguvu za kumsahihisha.

Bondeni tusingepata muda wa kutosha. Tukaenda Deir el-Bahari, kwenye hekalu la Hatshepsut, Firauni mwanamke, lililojengwa kama ngazi tatu chini ya genge refu la mawe. Mpwa wangu alilipenda. Mimi nilitazama zaidi miamba ya jirani, kwa sababu huko ndiko lilikokuwa shimo ambalo mwaka 1881 ilitangazwa kwamba limeficha maiti za wafalme chungu nzima. Makuhani wa zamani waliwahamisha humo kuwaokoa na wezi, na mmoja wao alikuwa Thutmose wa Tatu. Kwa hiyo kaburi ninalokwenda kuliona kesho halina mwenyewe. Lina maandishi yake tu.

Alhamisi, Bonde la Wafalme

Safari hii mpwa wangu ndiye aliyepanga muda.

Tiketi ya kawaida inakupa makaburi matatu. Watu wengi huchagua yale ya karibu na lango. La Thutmose wa Tatu liko mwisho kabisa wa bonde, juu katika ufa wa jabali, na kulifikia lazima upande ngazi za chuma zilizosimama wima kiasi cha kutisha. Walilificha makusudi. Mfaransa Victor Loret ndiye aliyelifungua mwaka 1898, na nilipofika juu nikihema nilimwonea huruma yeye pamoja na vibarua wake ambao hawakuwa na ngazi hizo.

Kisha unashuka. Njia inateremka, inavuka shimo refu lililochimbwa kukinga maji na wezi, inaingia chumba cha kwanza ambacho kuta zake zimeandikwa orodha ya miungu 741, kila mmoja ndani ya kisanduku chake kama rejista ya mahudhurio. Mpwa wangu alisoma ayatul-kursi kimoyomoyo, niliona midomo. Hewa inazidi kuwa nzito na ya jasho. Hapo koti langu la mvua lilipata maana kwa mara ya kwanza, nilikalia.

Nilipoingia chumba cha chini nilikaa kwenye ngazi. Chumba hakina pembe. Kina umbo la yai, kama ile fremu ya mviringo wanayoandikia jina la Firauni. Dari ni ya samawati iliyojaa nyota. Na kuta... nilitarajia picha za rangi nzito kama za kadi za posta. Hapana. Ukuta una rangi ya karatasi kuukuu, na watu wote wamechorwa kwa mistari ya wino mweusi na mwekundu, mikono vijiti, miguu vijiti, kama anavyochora mtoto wa darasa la kwanza. Ni kwamba hawakutaka kutengeneza picha za ukutani. Walitaka ionekane kana kwamba mtu amekunjua gombo la mafunjo akalizungushia chumba kizima, na maiti amelazwa ndani ya kitabu.

Niliifuata kuanzia saa moja. Kila saa ina tabaka tatu. Tabaka la kati ni mto, na humo chombo cha mungu jua kinapita. Juu na chini ni kingo mbili, zenye wakazi wa saa hiyo. Nimesema wakazi kwa sababu hivyo ndivyo ilivyo. Saa ni nchi. Saa ya pili imepewa vipimo: urefu iteru 309, upana iteru 120. Iteru moja ni kama kilomita kumi na nusu, kwa hiyo saa mbili ya usiku ina urefu wa zaidi ya kilomita 3,200, umbali ambao ukitoka Tanga kwa mstari ulionyooka unakufikisha karibu na Luxor. Jua likiingia katika nchi hiyo, wafu wake wanaamka na kupata mwanga. Likitoka, giza linarudi, nao wanabaki wanalia. Saa haijapita. Ipo pale pale, na watu wake ndani. Ni jua ndilo lililopita.

"Kiswahili kinasema hivyo hivyo," nilimwambia mpwa wangu kwa sauti ya chini. Mwalimu haachi kufundisha. "Ukisema 'alipo', ni mahali. Ukisema 'alipofika', ni wakati. Po moja hiyo hiyo. Hapo zamani za kale. Hapo wapi? Zamani ni mahali."

"Na ya-li-yo-mo," akasema. "Yaliyomo kuzimu. Mo ya ndani."

Nilimtazama. Tangu utoto wake alikuwa anapata C ya Kiswahili.

Saa nne njia inabadilika, na hapa ndipo unapopaona kwa macho: mstari mpana wa mchanga unakata ukuta mshazari, unashuka kutoka tabaka la juu hadi la chini, umevunjwavunjwa na milango. Maji hakuna tena. Chombo kinageuka nyoka ili kiweze kuteleza juu ya mchanga, nacho kinakokotwa kwa kamba. Giza ni zito hata mungu mwenyewe hawaoni wakazi wa huko, wanasikia sauti yake tu. Saa saba ni mbaya zaidi. Joka Apofi, adui wa jua, limekunywa maji ya mto, na chombo kimebaki kama mashua za kwetu maji yanapokupwa, kimekaa ubavu. Hakuna wa kukikokota. Wanaokiokoa ni mungu wa kike Isis na mwenzake aitwaye Mchawi Mkongwe, kwa maneno yao tu.

Mpwa wangu alikuwa amenyamaza. "Kwa hiyo ni uchawi."

Nilijaribu kumweleza. Neno lao ni heka, na si lazima liwe kukaa uchi makaburini. Ni nguvu ya neno lililosemwa pake. Maandishi yenyewe hayajifichi: yanarudia kwamba anayezijua picha hizi na majina haya yatamfaa, akiwa duniani na akiwa kuzimu. Yaani kinga iko katika kujua jina la saa kabla hujaiingia. Saa ya kwanza inaitwa Mvunja Vipaji vya Uso vya Maadui wa Ra, na Ra ndiye mungu jua. Ya kumi na mbili inaitwa yule Anayeutazama Uzuri wa Ra. "Babu yako mkuu angeelewa," nikamwambia, na hapo hapo nikajuta, kwa sababu swali lililofuata lilikuwa, "Kile kitabu chake kiko wapi, mjomba?"

Nilimwambia ukweli. Nadhani ni kwa sababu ya joto. Hakusema kitu.

Nimeiacha saa sita makusudi, kwa kuwa nilirudi kwayo mara tatu. Katikati kabisa ya usiku kuna mwili umelala, na nyoka mwenye vichwa vitano ameuzunguka. Ni mwili wa jua lenyewe, na ni mwili wa Osiri, mungu wa wafu, pia. Roho ya jua inaushukia na kuungana nao. Ili kuelewa uzito wa jambo hili lazima ujue kwamba Wamisri walikuwa na maneno mawili pale sisi tunaposema milele. Moja ni neheh: wakati unaozunguka, unaokwenda na kurudi, jua la kila siku, mafuriko ya kila mwaka. La pili ni djet: wakati uliokwisha kukamilika na umebaki, hauendi popote, kama mwili uliokaushwa, kama jiwe. Jua ni wa neheh. Osiri ni wa djet. Siku nzima hawa wawili hawakutani. Wanakutana saa sita usiku, mara moja, gizani, na kutokana na kukutana huko ndipo jua linapata nguvu ya kuchomoza.

"Azali na abadi," mpwa wangu akapendekeza.

Nilifikiri kidogo. Azali haina mwanzo, abadi haina mwisho, lakini zote mbili unaweza kuzichora kwa mstari mmoja ulionyooka. Hizi za Wamisri moja ni duara, moja ni nukta. Hazipangiki pamoja. Zimewekwa moja juu ya nyingine kama kanga mbili, leso ya juu na leso ya kiunoni.

Mlinzi mzee wa kaburi, mwenye kanzu na kilemba, alikuja kutupepea kwa kipande cha boksi. Alikuwa amegundua kwamba tunakaa kuliko wengine, na kwamba kukaa kuna bei. Nilimpa noti. Akanionyesha nguzo: Firauni mdogo ananyonya titi lililotoka kwenye tawi la mti, mti una mkono, mkono unamshikia titi. Juu limeandikwa jina la Iset. Iset ndilo jina la Isis kwa Kimisri cha kale, lakini pia lilikuwa jina la mama mzazi wa Firauni huyo. Mchoro wa mistari michache tu. Mlinzi akajigusa kifua akasema, "Umm." Mama.

Saa ya mwisho sasa. Katika ya kumi na moja nyoka mwenye jina la kuondoa saa amekaa na nyota kumi, saa zilizokwisha. Katika ya kumi na mbili chombo na abiria wake wote wanaingizwa ndani ya joka refu kupitia mkiani na kutokea mdomoni. Nyoka anapitiwa kinyume. Wanaingia wazee, na wanatoka watoto wachanga. Alfajiri haiji kwa wakati kwenda mbele. Inakuja kwa wakati kurudishwa. Pale ukuta unapopinda, mwishoni kabisa, jua limegeuka mdudu mwenye mabawa anapokewa kwa mikono, na mwili mtupu wa Osiri umeegemezwa ukutani, umeachwa nyuma.

Kuna na muhtasari pia. Baada ya zile saa zote ndefu waliandika toleo fupi, bila picha. Miaka 3,400 iliyopita, tayari kulikuwa na wanafunzi wasiotaka kusoma kitabu kizima.

Nafasi mbili zilizobaki kwenye tiketi tulizitumia, moja kwa kaburi la Ramses wa Nne, ambako darini yumo mungu wa kike wa anga, Nut, amejipinda juu ya dunia; jioni analimeza jua, asubuhi analizaa. Miguu yangu ilikwisha. Lile la Ramses wa Sita linataka tiketi ya pembeni na tuliliacha. Najua nitajilaumu.

Ijumaa

Mpwa wangu alichagua mahali pa kuswali, na alichagua vizuri kuliko nilivyochagua mimi kitu chochote wiki hii.

Ng'ambo ya mashariki, katikati ya mji, kuna Hekalu la Luxor, na ndani ya hekalu hilo, juu ya nguzo za uwanja wa Ramses wa Pili, kuna msikiti wa Abu al-Haggag. Si magofu. Watu wanaswali humo leo. Ulijengwa wakati hekalu limefukiwa na udongo na mji umejengeka juu yake. Kabla ya msikiti hapo palikuwa na kanisa. Wachimbaji walipoliondoa fusi, hekalu likatokea chini, na msikiti ukabaki juu. Ule mlango wa zamani wa msikiti sasa unaning'inia hewani, mita kadhaa kutoka sakafuni, hauna ngazi, unafunguka juu ya vichwa vya watalii. Nani aliusimamisha pale juu hivyo? Hakuna aliyeusimamisha juu. Mtu wa wakati ule aliyeutumia alikuwa anatokea barazani, kwenye ardhi ya zama zake.

Ndani, kwenye nguzo zilizomezwa na ukuta wa msikiti, yanaonekana maandishi ya Firauni. Imamu alihutubu. Nilimwelewa theluthi moja. Aliyekaa kushoto kwangu alikuwa mzee wa kijiji mwenye vidole vya udongo, na kila alipoinuka kutoka sijida alijishika kwenye jiwe lenye picha ya mungu mwewe, bila kulitazama, kama mtu anavyoshika nguzo ya nyumba yake.

Tulipotoka mpwa wangu akaniuliza, "Hapa ni neheh au ni djet?"

Sikuwa na jibu na yeye alijua.

Jumamosi

Treni, mchana kutwa. Miwa, punda, miwa. Mama alipiga simu kuuliza kama nimeona piramidi. Nikamwambia bado. "Sasa umekwenda kufanya nini, mwanangu?" Mpwa wangu alijiinamia dirishani, mabega yanatikisika.

Jumapili, Cairo

Ndege ni usiku. Tulipata muda wa kwenda Fustat, kwenye Makumbusho ya Kitaifa ya Ustaarabu wa Misri, ambako maiti ishirini na mbili za wafalme na malkia zilihamishiwa Aprili 2021 kwa msafara uliofungiwa barabara za mji. Ukumbi wao uko chini, giza kidogo, kuta nyeusi, kama makaburi ya bondeni. Kupiga picha ni marufuku na watu wananong'ona.

Thutmose wa Tatu ni mfupi kuliko nilivyodhani. Nilisimama pale kwa adabu, mikono mbele. Huyu ndiye mwili. Kile kitabu kiko Luxor, kilomita 670 kusini, bado kimekunjuliwa kuzunguka chumba kisicho na mtu, na kila usiku kwa mujibu wake jua linakuja saa sita kuungana na mwili uliolazwa pale.

Wezi walimharibu vibaya. Makuhani walipomfunga upya, viungo vilikuwa vimeachana na kichwa kimetengana, basi ili afungike kama mtu mzima wakatafuta kitu kigumu cha kumshikiza. Walioufungua mwili karne ya 19 walikuta humo vipande vinne vya mbao vilivyopakwa rangi nyeupe, vimechongwa kwa umbo la kasia. Makasia manne.

Nilimweleza mpwa wangu: saa tisa, ukumbuke, tabaka la kati, wale waliosimama wameshika makasia. Wapiga makasia wa jua.

Alitazama kioo muda mrefu. "Mjomba," akasema, "lile jedwali la babu. Unalikumbuka?"

Nikasema saa za usiku wa Ijumaa nazikumbuka zote. Za siku nyingine vipande vipande. Akatoa simu, akafungua ukurasa mtupu, akasema nimtajie ninazozijua, na zisizojulikana ataacha nafasi.

Tulikaa kwenye benchi nje hadi baridi ikaanza kupenya koti. Nilimwachia yeye kumpigia simu dereva wa uwanja wa ndege.